Hesabu ya Baghala Sita: Kazi ya Jenerali Montgomery Meigs

Gari la kawaida la jeshi la Marekani katika miaka ya 1860 lilivutwa na baghala sita, wazao wa punda dume na farasi jike. Barabara ikiwa kavu na ngumu, lilibeba hadi ratili 4,000. Barabara za Virginia zikishanyeshewa, mpangaji mwenye akili alishika hesabu ya ratili 2,500, yaani kilo 1,130 hivi. Posho ya baghala mmoja kwa siku ilikuwa ratili 14 za nyasi kavu na ratili 9 za nafaka. Zidisha kwa sita, unapata ratili 138 kila siku, gari litembee lisitembee. Likienda siku tano na kurudi siku tano katika nchi isiyo na malisho, wanyama wamekula ratili 1,380. Zaidi ya nusu ya mzigo imeishia matumboni mwa walioubeba. Siku ya kumi na tisa haiishi kabla gari halijawa tupu.

Ukishaielewa hesabu hiyo, vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani vya 1861 hadi 1865, kati ya majimbo ya Kaskazini na yale ya Kusini yaliyojitenga, vinasomeka upya. Unaelewa kwa nini majeshi yaling'ang'ania mito na reli, na kwa nini jenerali aliyeshinda leo hakumfukuza adui kesho. Unaelewa pia kwa nini mimi ningemsoma Montgomery Cunningham Meigs kabla ya kuwasoma wengi waliochongewa sanamu juu ya farasi. Hakuongoza pambano kubwa hata moja. Alikuwa Mkuu wa Ugavi wa jeshi la Kaskazini, na idara yake ilishika wanyama, malisho, magari, meli, reli, sare, mahema, kambi, na baadaye makaburi. Kununua chakula cha askari ilikuwa kazi ya idara nyingine, na silaha idara nyingine tena. Lakini vyote hivyo, ili vifike, vilipanda vyombo vya Meigs.

Alizaliwa Augusta, Georgia, tarehe 3 Mei 1816, akakulia Philadelphia. Mwaka 1836 alihitimu chuo cha kijeshi cha West Point akiwa wa tano darasani, na baada ya muda mfupi kwenye mizinga akahamishiwa kwa wahandisi. Mwaka uliofuata alikuwa mtoni Mississippi akipima maporomoko na mikondo chini ya ofisa aliyeitwa Robert E. Lee. Kisha ikaja miaka mingi ya kujenga ngome, kazi ya kimya yenye vyeo vinavyopanda polepole. Alipofikisha miaka 36 alikuwa bado luteni.

Kilichomtoa gizani ni maji. Tarehe 24 Desemba 1851 moto uliteketeza vitabu kama 35,000 vya Maktaba ya Bunge jijini Washington, mji uliokuwa ukitegemea visima na chemchemi. Meigs alipewa kazi ya kutafuta chanzo cha maji, na mwanzoni mwa 1853 alileta ripoti yenye njia tatu. Yeye alipendekeza ile ndefu kuliko zote, kuyachukua maji ya mto Potomac kwenye maporomoko ya Great Falls na kuyaleta kwa mteremko tu, bila pampu. Pampu huharibika, hula makaa na hutaka fundi usiku na mchana; mteremko ukishapimwa sawasawa hautaki mshahara. Alijenga mtaro wa duara wa kipenyo cha mita 2.7, urefu wa kilomita 19 hivi. Mahali unapovuka bonde la Cabin John alitupa tao moja la mawe lenye upana wa mita 67, na kwa karibu miaka 40 hakuna tao la mawe duniani lililolizidi. Maji ya kijito cha karibu yalianza kufika mjini mwaka 1859, na yale ya Great Falls mwaka 1863, vita vikiwa vimepamba moto.

Majivuno nayo hakukosa. Aliagiza jina lake lisubiwe kwenye mabomba na vali za chuma. Tao la Cabin John lilichongwa pia jina la Jefferson Davis, aliyekuwa Waziri wa Vita kazi ilipoanza. Davis alipokuwa rais wa Kusini, jina likang'olewa kwa patasi mwaka 1862, likarudishwa 1908.

Sambamba na maji, Meigs alisimamia upanuzi wa jengo la Bunge na kuba lake jipya la chuma, huku akigombana na msanifu wake, Thomas U. Walter, karibu kila juma. Hata hivyo ugomvi uliomjenga ni ule wa fedha. Waziri wa Vita John B. Floyd, aliyeshika wizara mwaka 1857, alitaka mikataba ya ujenzi iende kwa marafiki wa chama chake. Meigs, kapteni tu, alikataa kuidhinisha, akaandika kila kitu, akawapelekea wabunge nakala. Bunge likafikia hatua ya kutenga fedha za mfereji kwa sharti kwamba zitumike chini ya usimamizi wake. Floyd akajibu kwa silaha ya kila waziri mwenye hasira, akamhamisha. Mwishoni mwa 1860 Meigs alijikuta Fort Jefferson, visiwa vya Dry Tortugas, ngome ya matofali katikati ya bahari kusini mwa Florida. Hakukaa sana. Floyd alijiuzulu Desemba hiyohiyo, akajiunga na Kusini, na Februari 1862 akakimbia ngome ya Donelson akiwaachia wenzake aibu ya kusalimu amri.

Meigs alirudi Washington Februari 1861. Aprili alisaidia kupanga safari ya siri ya kuiokoa ngome ya Pickens, Florida, na Lincoln akamwona. Mei 14 alipandishwa kutoka kapteni kuwa kanali, na kesho yake Brigedia Jenerali na Mkuu wa Ugavi. Kiti kilikuwa wazi kwa sababu mwenyewe, Joseph E. Johnston, alikuwa amekwenda Kusini.

Alirithi idara iliyozoea kulihudumia jeshi la watu kama 16,000 waliotawanyika mipakani. Katika miezi michache palikuwa na mamia ya maelfu ya askari wa kujitolea, na kila gavana wa jimbo alikuwa akinunua sare zake mwenyewe, akishindana bei na serikali kuu na magavana wenzake. Ndipo likaja janga la kitambaa cha matambara, manyoya ya nguo kuukuu yaliyochambuliwa, yakabanwa na kupigwa pasi yakaonekana kama sufu mpya. Koti la aina hiyo lilipendeza dukani. Likipata mvua lilifumuka mgongoni mwa askari, kwa sababu nyuzi zake zilikuwa fupi mno kushikana. Viatu vya wakati ule navyo vilikuwa na visigino vilivyojazwa vipande vya mbao.

Dawa ya Meigs haikuwa ya kishujaa. Ilikuwa utaratibu wa zabuni, ukifuatwa bila kuchoka. Tangazo linatoka gazetini. Zabuni zinaletwa zimefungwa, na mzabuni analeta wadhamini. Bohari kuu ya sare, Schuylkill Arsenal ya Philadelphia, inatunza sampuli zilizopigwa muhuri, za koti, suruali, blanketi, kiatu. Kila shehena inayoletwa inalinganishwa nazo kwa macho, kwa mizani na kwa kuvutwa. Mkaguzi akikataa, mzigo unarudi kwa gharama za mwenyewe. Tangu sheria ya Juni 1862, nakala ya kila mkataba iliwekwa katika ofisi ya wizara nyingine kabisa, ya Mambo ya Ndani, ili ofisa mwenye tamaa asiweze kuficha karatasi kwenye saraka yake. Makoti yalikatwa kwa saizi nne tu. Aliyebanwa au kupwaya alitafuta mwenzake wa kubadilishana naye.

Utaratibu huo ulikuwa na matundu yake, na wanaomsifu Meigs huyaruka. Zabuni ya bei ya chini mara nyingi ilishinda mikononi mwa mtu asiye na kiwanda wala cherehani, aliyeuza mkataba kwa mwingine na kuweka faida mfukoni. Baya zaidi ni malipo. Hazina ilipokaukiwa, kuanzia Machi 1862 wauzaji walilipwa kwa hati za deni za mwaka mmoja zenye riba ya asilimia 6. Mwenye kiwanda alikuwa na wafanyakazi wa kulipa Jumamosi, akaziuza hati zile kwa bei ya hasara kwa wenye benki, na safari iliyofuata akaongeza hasara hiyo kwenye bei ya kitambaa. Kwa hiyo serikali ililipia uchelewaji wake yenyewe, mara mbili. Meigs aliandika barua nyingi kulalamikia jambo hili. Barua hazikuleta fedha.

Farasi walikuwa tatizo la pekee, maana kitambaa kibovu hakiambukizi kingine. Wachuuzi walileta vipofu, vikongwe, na wenye ugonjwa wa pua na mapafu unaosambaa katika zizi zima kwa siku chache. Waliopita ukaguzi walipigwa chapa ya US begani kushoto. Lakini hasara kubwa ilitokea baada ya ununuzi. Vikosi vipya vya askari wa farasi vilijaa vijana wasiojua kumpumzisha mnyama. Walimpanda mchana kutwa, wakamnywesha maji akiwa na jasho, wakamwachia tandiko mgongoni usiku kucha hadi mgongo ukaoza. Katika miezi minane ya kwanza ya 1864 askari wa farasi wa Jeshi la Potomac walipewa karibu farasi 40,000, yaani kikosi kizima kilibadilishiwa wanyama mara mbili.

Sasa turudi kwenye malisho, kwani hapo ndipo Meigs alipofikiri zaidi kuliko wenzake. Jenerali Grant, mkuu wa majeshi ya Kaskazini, alipoanza kampeni ya Virginia Mei 1864, jeshi lilikuwa na magari 4,300, magari ya wagonjwa 835, na wanyama zaidi ya 50,000. Farasi alipewa ratili 14 za nyasi na 12 za nafaka. Ukichukua wastani wa ratili 25 kwa kila mnyama, ni zaidi ya ratili milioni 1.2 kila siku, tani 560 hivi. Askari mmoja alihitaji kama ratili 3 za chakula. Watu 120,000 wanafika tani 160. Wanyama walikula zaidi ya mara tatu ya watu. Grant mwenyewe aliandika baadaye kwamba magari yale yakipangwa mstari mmoja yangetoka mto Rapidan hadi Richmond.

Meigs alitaka yapunguzwe. Kipimo alichopenda kukitaja ni cha Napoleon, magari 12 kwa kila askari 1,000. Jeshi la Kaskazini chini ya Jenerali McClellan katika rasi ya Virginia mwaka 1862 lilikuwa na 26. Mengi yalibeba masanduku ya maofisa, meza za kukunja na mahema makubwa. Aliondoa mahema makubwa, akaleta kitambaa cha mtindo wa Kifaransa ambacho kila askari hubeba nusu yake, na wawili wakifunga vifungo wanapata kibanda cha kutambaa. Askari walikichukia, wakasema ni nyumba ya mbwa. Alisambaza pia maelezo ya Kifaransa kuhusu kikosi chepesi ambacho askari hubeba chakula cha siku nane mwilini. Jenerali Hooker wa Kaskazini alikijaribu Chancellorsville mwaka 1863. Kwenye karatasi kilifaa. Porini watu walioanza kushambuliwa walitupa mikoba pamoja na chakula, na mikoba mingi haikuonekana tena.

Suluhisho la kweli lilikuwa kuyaepuka magari kadiri inavyowezekana. Kwanza maji, pili reli, mwisho baghala. Meli haili nyasi. Ndiyo maana mwaka 1864 Grant aliweza kuzunguka Virginia akihamisha bohari yake kama anayehamisha kigoda, kutoka Belle Plain hadi Port Royal kwenye Rappahannock, kisha gati la White House kwenye mto Pamunkey, kisha City Point kwenye mto James. Kila alipopinda kushoto alikuta mto wenye gati na meli za Meigs zikishusha. Magari yalibaki na safari fupi ya siku moja au mbili, ambapo hesabu ya baghala sita bado inalipa.

Upande wa magharibi alikuwa ameanza mapema zaidi. Agosti 1861 alisaini mkataba na James B. Eads wa St. Louis wa manowari saba za mtoni zilizofunikwa chuma, dola 89,600 kila moja, zikae futi 6 tu ndani ya maji ili zipite mito midogo. Eads aliahidi zote tayari Oktoba. Hazikuwa tayari hadi Januari 1862, na sababu kubwa ni ileile, serikali ilichelewa kulipa, Eads akaziba pengo kwa mali yake. Hata hivyo Februari zilikuwa mbele ya ngome ya adui ya Fort Henry, na mto Tennessee ukafunguka.

Mwezi huohuo wa Januari, tarehe 10, Lincoln aliingia ofisini kwa Meigs akiwa amekata tamaa. Wananchi hawana subira, hazina haina kitu, na jenerali mkuu McClellan amelala na homa ya matumbo, afanyeje? Meigs alimshauri aite majenerali wengine na kupanga nao. Inasema kitu kwamba rais alikwenda kuuliza kwa mtu wa nyasi na blanketi.

Mfano unaofundisha kuliko yote ni mji wa Chattanooga, Tennessee. Baada ya kushindwa Chickamauga, Septemba 1863, jeshi la Kaskazini chini ya Jenerali Rosecrans lilijifungia mjini humo. Meigs alifika wakati huohuo. Bohari ya reli ilikuwa Bridgeport, chini ya kilomita 50 kwa barabara ya kando ya mto, lakini wapiganaji wa Kusini walishika kingo na milima iliyoitazama njia hiyo. Ikabaki barabara ya kuzunguka, kilomita 95 hivi kupitia bonde la Sequatchie na kupanda mlima Walden's Ridge. Mwanzoni mwa Oktoba askari wa farasi wa Joseph Wheeler walichoma mamia ya magari. Kisha mvua. Tope likafika ekseli, safari ya siku chache ikawa ya zaidi ya juma moja, na njiani hapakuwa na jani lililobaki.

Hapo hesabu iligeuka kuwa kitanzi. Gari likipakia malisho ya kutosha baghala wake kwenda na kurudi, nafasi ya biskuti za askari inakwisha. Likipakia biskuti tu, baghala wanakufa njiani, na safari ijayo ina magari machache zaidi. Waliokuwa wakisimamia walichagua biskuti, kama ambavyo yeyote angechagua. Karibu wanyama 10,000 walikufa, posho ya askari ikashuka hadi robo, na mizinga ikakosa farasi wa kuivuta.

Ufumbuzi ulirudi majini. Usiku wa kuamkia Oktoba 27 askari kama 1,500 waliteremka mtoni kimya kwa mashua, wakipita mbele ya walinzi wa adui, wakakiteka kivuko cha Brown's Ferry. Bridgeport maofisa wa ugavi walikuwa wamechukua chelezo, wakakifunga injini na gurudumu la nyuma, wakakiita Chattanooga. Mwisho wa mwezi kilikokota posho 40,000 hadi Kelley's Ferry. Kutoka hapo gari lilikuwa na kilomita chache tu. Mwezi mmoja baadaye jeshi lilelile lililokuwa likila robo posho lilipanda Missionary Ridge, Meigs akitazama na kuandika kwa Waziri Stanton barua ambayo magazeti yaliichapa.

Mwaka uliofuata Jenerali Sherman alilitumia somo hilohilo hadi Atlanta kwa reli moja, maili 473 kutoka Louisville. Alipiga hesabu kwamba katika siku 196 ililisha watu 100,000 na wanyama 35,000, na kwamba kuifanya kazi hiyo kwa barabara kungetaka magari 36,800 ya baghala sita. Barabara ya kuyapitisha magari hayo haikuwako.

Julai 1864 Bunge liligawa idara katika vitengo tisa, kutoka wanyama hadi kumbukumbu. Meigs akapewa cheo cha heshima cha Meja Jenerali. Mwezi huohuo Jubal Early, jenerali wa Kusini, alipoisogelea Washington, Meigs alitoka na makarani na wafanyakazi wake wa bohari wakashika mahandaki. Hadi vita vinakwisha, fedha zilizopita mikononi mwa idara zilifika dola bilioni 1.5 hivi, naye akazitolea hesabu.

Kuhusu Arlington, makaburi ya taifa karibu na Washington, sioni sababu ya kulainisha maneno. Shamba la familia ya mke wa Robert E. Lee, ambaye sasa alikuwa jenerali wa Kusini, lilinunuliwa na serikali kwa dola 26,800 Januari 1864, kwa kisingizio cha kodi ya dola 92.07 ambayo serikali ilikataa kuipokea kwa mkono wa mwingine. Makaburi ya Washington yalikuwa yamejaa, hilo ni kweli, na tarehe 15 Juni Meigs aliomba ekari 200 akakubaliwa siku hiyohiyo. Lakini kuamuru maofisa wazikwe kuzunguka bustani ya waridi, karibu kabisa na nyumba, hakukutokana na uhaba wa ardhi. Alitaka Lee asirudi kukaa pale. Oktoba mwanawe John aliuawa katika bonde la Shenandoah, na hasira ikawa ngumu zaidi. Mwaka 1882 Mahakama Kuu, kwa kura 5 dhidi ya 4, ilisema shamba lilichukuliwa kinyume cha haki. Mwana wa Lee akaliuza kwa serikali kwa dola 150,000. Wakati huo idara ilikuwa imeshazika upya, katika makaburi ya taifa zaidi ya 70, mabaki ya karibu askari 300,000.

Meigs alistaafishwa Februari 1882, akarudi kwenye matofali. Bunge lilitaka jengo la ofisi ya pensheni za wanajeshi, rahisi na lisiloshika moto. Alitumia matofali milioni 15.5, hata nguzo nane za ukumbini zenye urefu wa mita 23, zilizopakwa plasta na rangi zikafanana na marumaru. Nje kuna mkanda wa sanamu za udongo wa kuchoma, zaidi ya mita 360, unaolizunguka jengo, na alimwagiza mchongaji Caspar Buberl kwamba dereva wa gari la baghala lazima awe Mweusi aliyekombolewa na vita. Chini ya kila dirisha aliacha tundu la matofali matatu ili hewa safi iingie, ipande na kutokea juu ya paa. Vipandio vya ngazi alivifanya vifupi na vipana, kwa kuwa wengi wa waliokuja kudai pensheni walikuja kwa magongo.